Nyumba ya Betri: Namna ya Kuzihifadhi na Kuzilinda Betri za Sola Pasipofika Umeme wa Gridi

Katika mfumo wa sola unaojitegemea, paneli zinaweza kukaa juu ya paa kwa zaidi ya miaka 20 bila kudai mengi kuliko kufutwa vumbi, lakini betri ndizo zinazokufa kwanza na ndizo zinazomrudisha mwenye mfumo dukani. Zinapokufa mapema, lawama huangukia chapa iliyobandikwa ubavuni au muuzaji aliyeziuza, na ni nadra mtu kuuliza zilikuwa zimekaa wapi. Ukienda kuangalia utazikuta zimebanwa chini ya kitanda, au zimewekwa stoo chini ya bati lisilo na dari, au zimefungiwa ndani ya kabati lisilo na tundu hata moja kwa kuwaogopa wezi. Mwongozo huu unahusu mahali hapo pa kukaa betri, na msimamo wake ni kwamba mahali hapo paamuliwe, papimwe na pajengwe kabla ya betri kununuliwa, kwa fedha iliyotengwa tangu mwanzo katika makadirio ya kazi nzima.

Ili maelezo yasielee hewani, nitatumia mfano mmoja kwa sehemu kubwa: zahanati ya kijiji au shule yenye mfumo wa volti 24, betri nne za risasi na tindikali za volti 12 zenye Ah 200 (ampea-saa, kipimo cha umeme ambao betri inaweza kuhifadhi) kila moja, zilizofungwa mbili mbili hadi kufikia Ah 400, pamoja na inveta ya wati 2,000, yaani kifaa kinachogeuza umeme wa betri kuwa wa volti 230. Betri hizo ni zile zenye vifuniko vya kufungua na kuongezea maji, ambazo ndizo zenye masharti mengi zaidi. Mwenye betri za jeli au zilizozibwa atafuata mambo yaleyale kwa unafuu kiasi, na mwenye betri za lithiamu ana sehemu yake mbele.

Joto

Adui wa kwanza wa betri ya risasi katika nchi zetu ni joto. Mtengenezaji anapoandika kwamba betri itadumu miaka kadhaa, hesabu yake inasimama juu ya nyuzi 20 au 25 za Selsiasi. Kanuni inayotumiwa na mafundi duniani kote ni kwamba kila joto la betri linapopanda kwa takriban nyuzi 10 juu ya kiwango hicho, umri wake hupungua kwa nusu, kwa kuwa kutu inayokula sahani za ndani huenda mbio zaidi na maji hukauka upesi zaidi. Betri iliyopaswa kudumu miaka sita ikikaa katika wastani wa nyuzi 35 haitarajiwi kuvuka mitatu sana. Hakuna chapa, hata iwe ghali namna gani, inayoweza kufidia hasara hiyo.

Neno la kushika hapo ni wastani. Betri ya Ah 200 ina uzito wa kilo 55 hadi 65, na mzigo wa namna hiyo haupati joto wala kupoa kwa saa moja au mbili. Joto lake la ndani hufuata wastani wa mchana na usiku wa chumba kilichoihifadhi. Kwa hiyo chumba kinachofika nyuzi 36 saa tisa alasiri lakini kikashuka hadi 22 usiku, kama ilivyo mara nyingi Dodoma au Singida, ni afadhali kuliko chumba cha mwambao kinachokaa kwenye nyuzi 32 mchana na usiku kwa sababu hewa yake haitoki. Kabla ya kuamua mahali, tundika kipimajoto cha kawaida pale unapotaka kuziweka betri, katika msimu wa joto kali, kisha soma alasiri na alfajiri kwa wiki nzima. Hakuna kazi iliyo rahisi zaidi ya hiyo katika ufungaji wote wa sola, na ni wachache mno wanaoifanya.

Chanzo kikubwa cha joto katika nyumba zetu ni paa. Tukiwa karibu na ikweta, jua la mchana hupiga kutoka juu, na bati tupu hugeuka kuwa tanuri juu ya chumba. Chumba cha betri kiwe na dari, hata kama ni ya mikeka au mbao nyembamba, na nafasi iliyo kati ya dari na bati iachwe wazi kwenye pembe za paa ili hewa moto itoke. Baada ya paa hufuata ukuta wa magharibi, unaopigwa na jua la alasiri wakati hewa ya nje nayo imekwisha kupata moto. Betri zisiegemezwe hapo kamwe. Kuta za kaskazini na kusini hupata jua pungufu kuliko huo, na chumba kilichopakana na vyumba vingine pande zote mbili ni bora kuliko cha pembeni. Ukuta mnene wa tofali za kuchoma au wa udongo hupitisha joto polepole, hivyo una faida kubwa kuliko kibanda cha mabati. Iwapo hakuna jinsi ila kujenga kibanda cha nje, basi kiwe kivulini, kipakwe rangi nyeupe na kiwe na paa la pili juu ya paa la kwanza, hewa ikipita katikati.

Ndani ya chumba, betri zisigusane. Acha nafasi ya sentimita moja hadi mbili kati ya betri na betri, na sentimita tano au zaidi kati ya betri na ukuta, ili kila moja ipoe sawasawa na wenzake. Katika kundi la betri, ile iliyobanwa katikati hupata joto zaidi na huzeeka mbele ya nyingine, na ikishazeeka huzivuta zote chini pamoja nayo.

Jambo moja la kidhibiti chaji, kifaa kinachoongoza umeme wa paneli unaoingia kwenye betri, lazima lisemwe hapa ingawa si la ujenzi. Volti inayofaa kuchajia betri ya risasi hupungua joto linapopanda, kwa takriban milivolti 4 kwa kila seli (chumba kimoja cha ndani ya betri, chenye kama volti 2) kwa kila nyuzi moja. Mfumo wa volti 24 una seli 12, kwa hiyo betri iliyo kwenye nyuzi 35 inahitaji karibu nusu volti pungufu kuliko iliyo kwenye nyuzi 25: kama kiwango ni 28.8, kishuke hadi kama 28.3. Vidhibiti vizuri hufanya marekebisho hayo vyenyewe kupitia kihisi chenye waya mrefu, ambacho hubandikwa ubavuni mwa betri, katikati ya kimo chake, na kufunikwa kwa kipande cha sponji ili kisome joto la betri badala ya la hewa. Kidhibiti kisicho na waya huo hupima joto lake chenyewe, na kama kimefungwa chumba kingine au juu ya ukuta wenye jua, kinachokipima hakihusiani na betri hata kidogo. Unaponunua, uliza kama waya wa kihisi umo ndani ya boksi.

Gesi

Betri ya risasi inapokaribia kujaa, sehemu ya umeme unaoingia huacha kuhifadhiwa na kuanza kuyatenganisha maji yaliyomo kuwa haidrojeni na oksijeni. Haidrojeni ikifika asilimia 4 ya hewa inaweza kuwaka, na cheche ya swichi au ya spana inatosha kuiwasha. Kinachofuata ni mlipuko unaopasua ganda la betri na kurusha tindikali usoni mwa aliye karibu.

Tuchukue betri zetu nne. Mwisho wa kuchaji kwa nguvu, hesabu ya usalama inayotumika kwa betri za maji ni milliampea 20 kwa kila Ah moja, yaani ampea 8 kwa kundi la Ah 400. Kila seli hutoa karibu lita 0.42 za haidrojeni kwa kila ampea kwa saa, na seli ziko 12 katika kila mnyororo (betri mbili zilizofungwa kufuatana kufikia volti 24), kwa hiyo jumla ni kama lita 40 kwa saa. Kabati lililofungwa lenye ujazo wa mita moja ya ujazo, ambalo ndilo kabati la kawaida la betri nne, hufika ile asilimia 4 ndani ya saa moja tu. Watu wanaolala chumba kimoja na betri za namna hii, wakiwa na kibatari au sigara, wamo hatarini bila kujua, kwa maana haidrojeni haina harufu wala rangi. Harufu kali inayosikika wakati mwingine karibu na betri ni ya mvuke wa tindikali au ya betri iliyochajiwa kupita kiasi. Kukosekana kwake hakumaanishi kwamba hewa ni salama.

Viwango vya kimataifa vya usalama wa betri zisizohamishwa vinatoa njia rahisi ya kukadiria matundu. Kiasi cha hewa kinachotakiwa, kwa mita za ujazo kwa saa, ni 0.05 mara idadi ya seli za mnyororo mara ile ampea ya gesi. Kwetu sisi ni 0.05 × 12 × 8, yaani 4.8. Kisha zidisha jibu kwa 28 upate eneo la tundu kwa sentimita za mraba: kama 134. Hilo ni eneo la tundu la kuingizia hewa peke yake, na tundu la kutolea nalo liwe na ukubwa huohuo. Bomba la plastiki la inchi 4 lina uwazi wa kama sentimita 85 za mraba, hivyo kabla ya kuhesabu wavu kundi hili linahitaji mabomba mawili chini na mawili juu, na nyumba yenye nusu ya betri hizo itatoshwa na moja moja. Wavu wa kuzuia mbu na panya ni wa lazima, lakini hupunguza upitaji wa hewa, na vumbi likiuziba huumaliza kabisa. Kwa hiyo ongeza ukubwa wa tundu mara mbili ya hesabu na uusafishe wavu kila mwezi.

Mahali pa matundu pana uzito sawa na ukubwa wake. Haidrojeni ni nyepesi kuliko gesi zote na hukimbilia juu, kwa hiyo tundu la kutokea liwe sehemu ya juu kabisa ya chumba au sanduku, pasibaki kona iliyo juu yake ambamo gesi inaweza kujikusanya, na tundu la kuingilia liwe chini, upande wa pili, ili hewa ipite juu ya betri zote. Sanduku lenye kifuniko kilichoinama kuelekea upande mmoja, likiwa na bomba kwenye sehemu iliyoinuka, huitoa gesi yenyewe bila feni. Bomba hilo litoke nje ya jengo kabisa, lisiishie darini, na mdomo wake ukunjwe kuelekea chini mvua isiingie. Sipendekezi kutegemea feni kwa kazi hii, kwa sababu feni huharibika kimyakimya, nayo huhitaji umeme uleule inaoulinda. Anayeilazimisha aiweke upande wa kuingiza hewa, ili gesi isipite kwenye mota yake.

Hapo hutokea sharti lingine: inveta, kidhibiti, swichi na soketi visikae ndani ya sanduku la betri wala moja kwa moja juu yake. Vifaa hivyo hutoa cheche ndogo, na bodi zake huliwa na mvuke wa tindikali. Viweke upande wa pili wa ukuta, au kwenye ukuta huohuo kwa umbali wa nusu mita au zaidi kando ya betri, na chini ya usawa wa tundu la kutolea gesi.

Kichanja na tindikali

Betri nne za mfano wetu zina uzito unaozidi kilo 220, mbali na kichanja chenyewe. Meza ya nyumbani haitoshi, na rafu ya ukutani ni hatari. Kichanja kijengwe cha mbao ngumu zilizotiwa dawa ya mchwa, au cha chuma kilichopakwa rangi inayohimili tindikali na kuunganishwa na waya wa ardhi, kikiwa na kimo cha sentimita 20 hadi 40 kutoka sakafuni. Wengi husema betri isiwekwe juu ya saruji kwa kuwa saruji huinyonya chaji. Kwa betri za leo zenye ganda la plastiki hilo si kweli, lakini zipo sababu nyingine nzuri za kuziinua: maji ya mafuriko na ya kudekia, vumbi, wadudu, na ukweli kwamba tindikali ikimwagika huila saruji yenyewe. Katika mabonde kama ya Rufiji na Mto Tana, ambako mafuriko ya mwaka 2024 yaliingia majumbani, kimo cha kichanja kifuate alama ya maji ambayo wenyeji wanaikumbuka, na uzito wote huo ushikiliwe na nguzo zilizosimama sakafuni.

Chini ya betri kuwe na beseni la plastiki ngumu lenye kingo, linaloweza kubeba maji ya angalau betri moja iliyopasuka. Juu ya betri acha nafasi ya sentimita 40 au zaidi. Masanduku mengi hujengwa yakiibana betri kama jeneza, kisha mwenye betri hushindwa kuingiza haidromita (kipimo cha uzito wa tindikali ya betri) au mdomo wa chupa ya maji, na kwa kuwa kazi imekuwa ngumu, huacha kuifanya. Mbele ya kichanja iwepo nafasi ya mtu kuchuchumaa na kufanya kazi kwa mikono miwili, walau sentimita 70.

Ndani ya chumba yahifadhiwe maji safi ya kunawa, glavu za mpira, miwani ya kukinga macho, na kopo la magadi. Magadi tunayopikia maharage, yale yanayotoka kwenye maziwa ya Magadi na Natron, ni chumvi ya asili ya besi na huua nguvu ya tindikali vizuri, kama ilivyo soda ya kuokea. Koroga nusu kilo katika lita nne za maji, umwagie palipomwagika tindikali, na uendelee hadi povu liishe, ndipo usafishe kwa maji mengi. Mchanganyiko huo usiingie ndani ya betri kwa namna yoyote. Vifuniko viwe vimekazwa kwanza. Wala usipakwe machoni au kwenye ngozi iliyoungua: hapo kinachotakiwa ni maji safi yanayotiririka kwa dakika 15 au zaidi, kisha hospitali.

Kuhusu maji ya kuongezea, madukani huuzwa chupa mbili zinazofanana sana, moja ikiwa na maji yaliyokenekwa (maji safi yasiyo na madini) na nyingine ikiwa na tindikali iliyokwisha kuchanganywa kwa ajili ya betri mpya zilizo kavu. Betri inayotumika huongezewa maji tu, kwa sababu kinachopotea ni maji. Tindikali hubaki ndani. Anayeongeza tindikali kila kina kinaposhuka huzidisha ukali wake hadi sahani zinaliwa. Chupa ya tindikali isikae kabisa katika chumba cha betri. Ongeza maji baada ya betri kujaa chaji, isipokuwa sahani zikiwa zimebaki wazi, ambapo utaongeza kiasi cha kuzifunika tu kabla ya kuchaji. Maji ya mvua yaliyokingwa kwenye bati na maji ya kisima yana chumvi na madini yanayoharibu sahani, hata yakionekana meupe.

Nyaya na fyuzi

Betri moja ya Ah 200, ncha zake zikigusanishwa na spana, inaweza kutoa zaidi ya ampea elfu moja kwa papo hapo, kiasi cha kuyeyusha chuma na kumwunguza mshikaji hadi mfupani. Kwa hiyo terminali zote zifunikwe kwa kofia za mpira au ubao mgumu wa plastiki. Spana zifungwe utepe wa umeme mpini wote. Na anayefanya kazi hapo avue saa, pete na mkufu. Mijusi na panya nao wamewahi kuunganisha ncha kwa miili yao, na hiyo ni sababu nyingine ya wavu na kofia.

Fyuzi kuu ikae kwenye waya chanya, karibu na betri kadiri inavyowezekana, kwa sababu kipande cha waya kilicho kati ya betri na fyuzi hakina mlinzi yeyote. Iwe ya DC, yaani ya umeme wa mkondo mmoja kama wa betri. Fyuzi au swichi ya umeme wa nyumbani haifai, kwani umeme wa AC, ule wa nyumbani unaogeuza mwelekeo, hujikata wenyewe mara nyingi kwa sekunde na kuusaidia moto wa cheche kuzimika, ilhali ule wa DC huendelea kuwaka ndani ya swichi hadi iungue. Kwa betri za maji, fyuzi na swichi ya kukatia vikae nje ya sanduku. Inveta yetu ya wati 2,000 katika volti 24 huvuta takriban ampea 93 inapofanya kazi kwa ukamilifu, hivyo fyuzi ya ampea 125 pamoja na kebo ya shaba ya milimita 50 za mraba inafaa. Kila mnyororo wa betri mbili nao uwe na fyuzi yake.

Umbali kati ya betri na inveta usizidi mita mbili au tatu. Hili lazima lifikiriwe wakati wa kuchagua chumba, maana betri zikipelekwa nyuma ya jengo kwa sababu ya gesi na inveta ikabaki ofisini, gharama ya shaba na upotevu wa umeme huongezeka pamoja. Ni bora kuhamisha inveta ikae karibu na betri na kuvuta mbali ule umeme wa volti 230, unaosafiri kwa waya mwembamba bila hasara kubwa. Nyaya za kuunganisha betri ziwe na urefu sawa, na chanya itolewe kwenye mnyororo wa kwanza na hasi kwenye mnyororo wa mwisho, ili minyororo yote miwili ibebe kazi kwa usawa.

Lagi za shaba, yaani vichwa vya kebo vinavyofungwa kwenye betri, zibanwe kwa mashine yake, zisigongwe kwa nyundo. Ukishakaza, paka terminali vaselini au grisi juu ya kiungo kilichokwisha kukazwa, si kati ya lagi na risasi. Unguja, Pemba, Lamu, Mtwara na kote kwenye upepo wa bahari, kazi hiyo irudiwe kila baada ya miezi mitatu, na matundu ya hewa yasielekee upande unaotoka upepo wa chumvi.

Watoto, wezi na moto

Mlango wa chumba cha betri ufunguke kwa nje na uwe na kufuli, na funguo ziwe mbili kwa watu wawili wanaojulikana. Hofu ya wezi ni ya haki, lakini ijibiwe kwa nondo madirishani, mnyororo unaopita kwenye kichanja na alama iliyochongwa kwenye ganda la kila betri. Isijibiwe kwa kuziba matundu. Chumba hicho kisigeuzwe stoo. Mafuta ya taa, petroli ya pikipiki, magunia na makaratasi vyote vina kawaida ya kuhamia mahali penye nafasi tupu, na katika zahanati dawa nazo hufuata. Mganga mfawidhi au mwalimu mkuu akatae hilo tangu siku ya kwanza. Mlangoni pabandikwe maandishi makubwa yanayokataza moto na sigara, pamoja na mchoro unaoonyesha swichi kuu iko wapi. Kizimamoto cha unga au cha gesi ya kaboni dioksidi kikae nje ya mlango, mahali ambapo mtu anaweza kukichukua bila kuingia kwenye moshi.

Betri za lithiamu

Betri za lithiamu za fosfeti ya chuma, ambazo sasa zimeenea hata vijijini, hazitoi haidrojeni katika matumizi ya kawaida na hazina tindikali, kwa hiyo zinaweza kukaa chumba kimoja na inveta. Zinabaki na masharti ya joto, na kwa namna fulani ni makali zaidi: nyingi haziruhusu kuchajiwa zikiwa juu ya nyuzi 45 au chini ya sifuri, na bodi ya ulinzi iliyo ndani hukata umeme yenyewe hali hiyo ikifika. Sanduku la chuma lililosimama juani Lodwar litaizima betri mchana kweupe, wakati paneli zina nguvu kuliko saa zote. Baridi ni shida ya wachache, kama wakazi wa Makete na uwanda wa Kitulo ambako jalidi huanguka usiku wa Juni na Julai. Huko inatosha kuiweka ndani ya nyumba.

Zifungwe kwenye ukuta wa tofali, si wa mbao wala wa nyasi. Zisikae chumba cha kulala wala kwenye njia pekee ya kutokea nyumbani. Na ziachiwe nafasi ya hewa ambayo mtengenezaji ameiandika kwenye kitabu chake. Betri iliyovimba, iliyoangushwa au iliyoingiwa na maji ya mafuriko isichajiwe tena hata ikionyesha volti nzuri. Ipelekwe nje, mbali na nyumba, kivulini, na fundi aitwe. Vile visanduku vidogo vya sola vya taa na redio, ambavyo betri imo ndani, visiwekwe juu ya friji au dirishani penye jua, wala visifunikwe kitambaa vinapochaji.

Ukaguzi, na betri iliyokufa

Kila mwezi, mtu mmoja mwenye jukumu hilo aingie na daftari. Asome joto, volti ya kila betri asubuhi kabla ya jua kuanza kuchaji, na kina cha maji. Aguse kwa uangalifu viungo vya kebo wakati wa matumizi makubwa, kwani kiungo chenye joto kuliko vingine kimelegea. Aondoe vumbi kwa kitambaa chenye unyevu kidogo, maana vumbi lililochanganyika na mvuke wa tindikali hupitisha umeme na kuvujisha chaji usiku kucha. Kwa betri za maji apime kwa haidromita pia, zikiwa zimejaa: seli moja inayosoma chini sana kuliko wenzake ni habari ya mapema kuliko yoyote itakayotolewa na volti. Betri yenye volti 12.6 au 12.7 baada ya kupumzika saa kadhaa imejaa.

Betri ikifa, isiachwe ndani pamoja na nzima, na tindikali yake isimwagwe ardhini ili kupunguza uzito wa kubeba. Risasi ni sumu ya ubongo wa mtoto, na Afrika Mashariki inao ushahidi wake: katika mtaa wa Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu kilisambaza risasi kwa wakazi, na mwaka 2020 mahakama ya mazingira na ardhi ya Kenya iliamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3, baada ya mapambano yaliyoongozwa na Phyllis Omido. Anayenunua betri chakavu aonyeshe kibali cha mamlaka ya mazingira ya nchi yake, na zisafirishwe zikiwa zimesimama wima, vifuniko vimekazwa, terminali zimefunikwa kwa utepe, juu ya plastiki nene na si juu ya magunia ya chakula.